Tiki Sabini na Tisa

Siku niliyotoka hospitali mara ya kwanza sikuwa na nusu ya kushoto ya tabasamu langu. Sikuwa na mluzi. Sikuwa na P, B wala M zinazoeleweka, kwa hiyo sikuwa na namna ya kuomba maji wala kumpa mtu pole. Sikuwa na uwezo wa kuzuia mate yasichungulie pembeni mwa mdomo na kushuka kidevuni. Sikuwa na ruhusa ya kunywa chai nyepesi. Sikuwa na mke wa kunicheka, maana alinitangulia miaka sita iliyopita, na mwanangu, dereva wa lori la masafa marefu, alikuwa akilala nyumbani siku nne tu kwa mwezi. Tena sikuwa na misumari mdomoni. Hilo la mwisho ndilo lililoniuma kuliko yote.

Mimi ni fundi makochi. Kwa miaka arobaini na moja nimevisha viti vya watu vitambaa. Fundi wa kazi hii mikono haimtoshi: mmoja unavuta kitambaa, mwingine umeshika nyundo, na misumari inabidi ikae mdomoni. Nilikuwa natia misumari midogo thelathini shavuni kwa mpigo mmoja. Ulimi ulikuwa unaigeuza na kuitoa mmoja mmoja katikati ya midomo, kichwa kikiwa mbele, na nyundo yenye sumaku inaupokea. Niliweza kupatana na mteja misumari ikiwa humo humo, na mteja asijue.

Karakana nzima iliniita Profesa, nusu kwa utani, nusu kwa heshima. Nilianza shule ya jioni nikiwa na miaka thelathini na nne, mtu mzima nisiyeweza kuandika barua. Nilisoma miaka sita, natoka kazini na pamba za godoro nyweleni, nakaa dawati la mbele. Vyeti vyangu vitatu vimetundikwa nyumbani, juu ya cherehani. Hakuna somo nililopata chini ya themanini, na sikuwahi kupeleka daftari lenye kazi pungufu.

Kiharusi kilinikuta nimeinama juu ya kochi la watu watatu. Mwenzangu wa karakana, tunayemwita Kamba kwa wembamba wake, ndiye aliyenilaza ubavu na kunitoa misumari mdomoni kwa vidole, mmoja mmoja, huku akihesabu kwa sauti. Alijua nilitia kumi na tisa, na hakukubali nipakiwe garini mpaka akautia mkononi wa kumi na tisa.

Mkono na mguu vilirudi baada ya mwezi. Uso haukurudi. Wakaniandikia kwenda chumba kimoja mwisho wa korido, kati ya stoo ya magongo na choo cha wafanyakazi. Humo nilimkuta binti wa miaka kama ishirini na sita, koti lake jeupe limemzidi mabega.

"Karibu, mzee. Kaa hapa, mbele ya kioo."

Nilijaribu kusema "asante, daktari," nikiwa nimeziba mdomo kwa leso. Akaelewa.

"Mimi si daktari. Kazi yangu ni matamshi na kumeza. Misuli ya uso, midomo, ulimi. Ukipenda niite mwalimu, maana nitakupa kazi ya kufanya nyumbani. Na hiyo leso, iweke mfukoni. Hapa ndani hakuna mgeni."

Kusikia "kazi ya kufanya nyumbani" nikakaa wima kama zamani. Nikasema moyoni, huyu amempata mwanafunzi.

"Jaza mashavu upepo. Sasa kunja midomo kama unambusu mtoto mchanga. Vizuri. Toa ulimi, gusa kona ya kulia. Gusa kona ya kushoto."

Upande wa kulia ulimi ulikwenda. Wa kushoto ulifika katikati ukagoma, kama gari lililokwama mlimani. Kisha akatoa kifungo kikubwa cha koti kilichofungwa uzi. Nikishike kati ya midomo na meno, yeye avute, mimi nikatae. Kifungo kilichomoka hata kabla hajavuta sawasawa, kikamwangukia mapajani pamoja na mate yangu. Mimi, niliyewahi kushika mdomoni vifungo kumi na viwili vya kiti cha mkuu wa shule na bado nikamjibu salamu!

Alijipangusa bila kubadilisha uso. "Midomo imelala tu, mzee. Tunaiamsha."

Akanipa karatasi yenye vyumba vidogo vidogo, siku saba, mara tatu kwa siku. "Kila ukimaliza mazoezi unatia tiki. Mwisho wa wiki anayekusaidia nyumbani anatia sahihi hapa chini. Hii karatasi ndiyo macho yangu. Mimi kwako sipo."

Anayenisaidia nyumbani ni mkwe wangu, mke wa mwanangu. Ni mwanamke mtulivu, mshonaji wa sare za shule, na tangu aingie nyumba ile miaka tisa iliyopita hatujawahi kuvunjiana heshima hata kwa jicho. Ndiye aliyekuwa akinikorogea ile dawa ya unga inayofanya maji yawe mazito ili yasinikimbilie kwenye mapafu. Chai yangu ilikuwa inakaa kwenye kijiko kama gundi ya mbao.

Siku iliyofuata asubuhi nilisimama sebuleni, kwenye kioo cha kabati, maana ndicho pekee kinachoonyesha uso mzima. Nilijaza mashavu. Nikabusu hewa. Nilipotoa ulimi wote, hadi mizizi, mlango ukafunguka, mkwe akaingia na kikombe. Macho yetu yakakutana ndani ya kioo. Mimi na ulimi wangu nje, yeye na chai yake. Akaweka kikombe mezani, akainamisha uso, akatoka kinyumenyume.

Nikatia tiki ya kwanza. Ilikuwa ya kweli. Nyingine ya kweli haikufuata.

Mchana niliusogelea mlango wa sebule nikasikia nyayo zake, nikarudi chumbani. Jioni vivyo hivyo. Kutoa ulimi ni kazi ya watoto wanaogombana. Baba mkwe hamtolei ulimi mke wa mwanawe, hata kwa maagizo ya hospitali. Na kumwambia "nipishe, nataka kufanya mazoezi ya midomo" nisingeweza. Hata kama ningekuwa na midomo ya kusemea, nisingeweza.

Siku zilikwenda, na Jumatatu ilikuwa inakuja. Ningeingia kwa mwalimu na karatasi tupu? Mimi? Jumapili jioni nikakaa kitandani na kalamu mbili, ya bluu na nyeusi. Nilitia tiki za asubuhi kwa bluu, nyingine kwa nyeusi, nyingine nikazilaza kidogo kama za mtu mwenye haraka. Vyumba viwili niliviacha wazi makusudi, kwa sababu mwanafunzi asiyekosa hata mara moja hutiliwa shaka. Kisha nikamtilia mkwe wangu sahihi. Nilikuwa sijawahi kuiona sahihi yake, nikamtungia nzuri, yenye mkia unaozunguka chini na kurudi.

Mwalimu alipoiona alifurahi mpaka nikaangalia pembeni. "Mzee, wagonjwa wangu wengine wananiletea karatasi zenye madoa ya mchuzi. Wewe umeniletea cheti!" Aliibandika ukutani. Wiki ya pili na ya tatu zikafuata, na wagonjwa wengine wakawa wanaonyeshwa kwa kidole: tazameni kazi ya mzee huyu. Nilikaa chini ya karatasi zile na mdomo uliopinda.

Kamba alipita kunisalimu. "Profesa! Nasikia wanakufundisha kubusu uzeeni. Mchumba yupo, au unabusu kioo?"

Nikamwonyesha nakala ya ratiba.

"Eti mara tatu kwa siku! Ndugu yangu, kwa bidii hiyo mwezi ujao utabeba misumari hamsini." Akanipiga bega. Nyundo yangu, alisema, ameitundika palepale, na hakuna anayeruhusiwa kuigusa. Nilitikisa kichwa kukubali. Kwa hiyo hata yeye nilimdanganya, tena bila kutamka neno.

Nilipopeleka karatasi ya wiki ya nne, mwalimu akasema ni siku ya kipimo cha maji. Aliweka vidole viwili kooni pangu, akaninywesha kijiko kimoja cha maji meupe. Niliyameza. La pili vivyo hivyo. La tatu nililisikia likipita njia isiyo yake, na kikohozi kikapanda. Nikakizuia. Nilikibana kifuani kwa nguvu zote mpaka machozi yakanitoka.

"Imekwaruza?"

Nikatikisa kichwa kukataa.

"Kweli, mzee? Niambie tu. Hapa hakuna kushindwa."

Nikakataa tena, nikafuta macho, nikatabasamu kwa upande wangu mmoja. Akadhani ninalia kwa furaha ya kuonja maji. Akaitazama midomo yangu, akazitazama karatasi ukutani, akarudi kwenye midomo. "Midomo bado haijafika ninapotaka," alisema taratibu. "Lakini kwa kazi unayoifanya nyumbani..." Akaandika kwenye faili: maji mepesi, mafunda madogo, kidevu chini.

Nilikunywa maji kwa siku tatu kama mtu aliyefaulu mtihani. Siku ya nne nikashikwa na homa. Ya tano mkwe wangu aliniita mara tatu sikuitika, akakodi gari. Maji yalikuwa yameingia mapafuni, yakaleta nimonia. Nililala wodini siku kumi na moja, mbili kati ya hizo sizikumbuki.

Siku ya tisa alikuja mkuu wa kitengo, mama wa makamo mwenye miwani iliyofungwa mnyororo shingoni. Nyuma yake alisimama mwalimu wangu, mikono ameificha ndani ya mikono mirefu ya lile koti. Mkwe alikuwa kando ya kitanda, ananikunjia shuka.

Mkuu alinitia kifungo mdomoni, akavuta uzi kwa vidole viwili. Kikatoka kama siku ya kwanza. Akazifungua karatasi zangu nne juu ya kitanda.

"Wiki nne, mara tatu kwa siku, na midomo ndiyo hii," alimwambia mwalimu. "Ama ulimfundisha vibaya, ama hukutazama. Vyovyote vile, ulimpa maji mtu asiyefaa kupewa."

"Nilimuuliza kama imekwaruza," mwalimu akajibu. Hakunitazama.

Mkuu akamgeukia mkwe wangu, akamwonyesha ule mkia niliouzungusha. "Mama, hii sahihi ni yako? Ulimwona akifanya?"

Mkwe wangu aliitazama karatasi. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuiona. Akanitazama mimi, muda mfupi tu, akainamisha uso kama siku ile ya kioo.

"Ndiyo," alisema. "Ni yangu. Nilimwona."

Mwalimu yule hakuwa na miezi sita kazini, alikuwa bado katika muda wa majaribio. Muuguzi wa zamu alimwambia mwenzake kwenye kitanda cha jirani, wakidhani nimelala, kwamba amezuiwa kuona wagonjwa na faili lake limepelekwa makao makuu, mji mwingine. Kikao ni Ijumaa ya wiki inayofuata. "Atakwenda na maji," alisema muuguzi, "na alivyokuwa na moyo!"

Nilirudishwa nyumbani Jumamosi. Mkwe wangu aliweka chai nzito mezani, akageuka kuondoka. Nikagonga meza. Nikachukua daftari nikaandika: Kwa nini ulisema ni yako?

Alisoma akiwa amesimama. "Ulitaka niseme nini, baba? Niseme mbele ya watu kwamba baba mkwe wangu ni mwongo?" Sauti yake haikupanda. "Mwanao angerudi safari nimwambie nimekufanyia hivyo?"

Nikaandika: Mimi ni mwongo.

Akavuta kiti. Miaka tisa, na ilikuwa mara ya kwanza kukaa naye meza moja tukiwa wawili. "Mbona hukuyafanya, baba? Mazoezi yenyewe ni dakika kumi."

Nikamwandikia habari za kioo, na ulimi, na namna alivyotoka kinyumenyume. Akasoma, akarudia kusoma, mkono ukamwenda mdomoni.

"Mimi nilidhani umeikasirikia chai!"

Nikamtazama.

"Wallahi. Nilidhani umechoka na ile chai ya kukatwa kwa kisu, ndiyo unanitolea ulimi. Nikaenda jikoni nikalia. Nikasema, mzee wa watu, ugonjwa umempeleka utotoni." Alikuwa anacheka na macho yamemlowa. "Wiki nzima nilikuwa napiga hatua kwa kishindo kila nikikaribia sebule, upate muda wa kujiweka sawa!"

Nami nikacheka, mate yakashuka kidevuni, na leso ilikuwa mbali. Aliniona. Hakuinamisha uso.

Kisha kicheko kikatuishia, maana binti wa watu bado alikuwa anakwenda na maji.

Jumapili niliandika barua ya kwanza. Niliiandika kama nilivyofundishwa, anwani mbili, kichwa cha habari kimepigiwa mstari, na chini yake kurasa mbili. Ndani kulikuwa na "mazingira yaliyo nje ya uwezo wangu" na "dosari ndogo katika ujazaji wa fomu". Mkwe aliisoma hadi mwisho.

"Kiswahili kizuri, baba. Ila nani aliyetia tiki? Mbona hapa simwoni?"

Niliichana. Ya pili ilikuwa na umri wangu na vyeti vyangu. Nikaichana mwenyewe kabla hajaisoma. Kusema kweli mkono ulikuwa mzito kuliko siku za kiharusi. Nilijua barua ile itawekwa kwenye faili, na faili hospitalini halifi. Nilijua pia kwamba mkuu wa kitengo ataisoma, na muuguzi wa zamu, na habari itafika karakana kabla yangu. Profesa kaghushi kazi ya nyumbani. Saa nzima nilikaa naangalia vyeti, na nikaona kwamba tiki sabini na nane nilizitia ili vile vyeti visinicheke.

Ya tatu ilikuwa hivi:

"Kwa Mwenyekiti wa kikao. Mimi ndiye mgonjwa mwenye faili lililo mbele yenu. Karatasi zangu nne zina tiki sabini na tisa. Moja ni ya kweli. Sabini na nane nilizitia nikiwa nimekaa kitandani kila Jumapili jioni, kwa kalamu mbili. Sahihi za mkwe wangu nilizighushi mimi. Siku ya kipimo cha maji nilizuia kikohozi ili nionekane nimefaulu. Mwalimu aliniuliza mara mbili, nami nikamdanganya mara mbili. Alinifundisha vizuri. Mimi sikusoma. Naomba arudishwe kazini, na akikubali kunipokea tena, nianze upya wiki ya kwanza."

Nikamwonyesha mkwe, nikaandika pembeni: Niliache lile ulilolisema wodini?

"Hapana." Akachukua kalamu. Chini ya jina langu aliandika: "Nilisema sahihi zile ni zangu. Si zangu. Yangu ni hii." Kisha akatia sahihi. Ilikuwa herufi tatu za kuchapa, zimesimama wima kama mishono ya sare, hazina mkia wala mapambo. Nikaona haya upya. Hata katika kughushi nilimtungia mtu ambaye hakuwa yeye.

Jumatatu asubuhi tulikwenda posta, akitembea kando yangu, leso yangu mfukoni. Foleni ilikuwa ya watu saba au wanane. Karani wa dirishani aliipima barua.

"Rejesta? Itafika Jumatano. Ila hujaifunga, mzee."

Nilionyesha kwa kidole kile kikopo cha gundi.

"Imeisha tangu wiki iliyopita. Tumia ulimi tu, kama wenzako."

Nikamtazama mkwe wangu. Alikuwa ananitazama, na hakusogea. Nyuma yangu mtu alikuwa anaguna kwa haraka zake. Nikaiinua bahasha, nikatoa ulimi mbele ya wote, nikaanzia kona ya kulia. Ulikwenda vizuri hadi katikati, ukasimama. Mate yakadondoka juu ya kaunta. Kona ya kushoto ilibaki kavu, imefunguka.

"Igeuze, mzee," mwanamke aliyekuwa nyuma akasema kwa upole. "Ukiigeuza itafika upande huo."

Nikatikisa kichwa. Niliishika bahasha vilevile, nikausukuma ulimi tena kushoto. Ukagoma. Nikausukuma tena, jicho likinitoka, mpaka nikahisi ncha yake inagusa karatasi na ladha chungu ya gundi imeingia upande ule ambao kwa miezi mitatu haukuonja kitu.

"Hiyo ni moja, baba," mkwe wangu akasema.

Niliibana kona ile kwa kidole gumba mpaka ikashika. Nikafuta kaunta kwa leso, nikampa karani barua. Akaigonga muhuri mara mbili, akaitupa kwenye mfuko wa Jumatano.